Asante, Profesa, Nitaangalia

Yupo marehemu Mfaransa mmoja ninayemjua kuliko ninavyowajua binamu zangu. Miaka minne niliisoma kazi yake. Ndiye aliyezichukua bei za soko la hisa, zinavyopanda na kushuka bila mpango, akazifanyia hesabu kabla ya watu wengine kulifikiria jambo hilo. Mabenki ya London ninakoishi yanakula jasho lake. Mwenyewe alinyimwa kazi ya chuo kwa sababu msomi mmoja aliusoma ukurasa wake vibaya, akasema kakosea.

Nilipoitwa kwenye usaili wa uhadhiri hapa London, kazi niliyoiachia ualimu wangu Morogoro, niliieleza hesabu hiyo ubaoni. Profesa mwenye mvi, mwenyekiti wa jopo, akanikatiza: mstari wa tatu una kosa. Haukuwa na kosa. Alikuwa amelisahau sharti nililoliandika juu kabisa, na nililiona hilo papo hapo. Lakini mimi nimelelewa kwamba mkubwa hakosolewi mbele za watu. Unamvizia pembeni, unamwambia kwa adabu.

"Asante, Profesa, nitaangalia," nikasema.

Nikamngoja kwenye korido. Alitokea mlango mwingine.

Barua yao ilisema nilishindwa kuitetea kazi yangu. Iliniuma, na inaniuma hadi leo, kwa sababu ilikuwa kweli. Mfaransa angalau alipiga kelele, akaandika kulalamika, na miaka baadaye aliyemkosea akamwomba radhi. Adabu si adhabu, walitufundisha. Wangeniuliza mimi.

Sasa najibu simu kwenye ofisi ya bima huko Harrow, pembezoni mwa jiji. Wiki iliyopita niliitwa shuleni kwa binti yangu. Mwalimu wake wa hesabu, mzee kunizidi, alilalamika kwamba mtoto anabishana naye darasani, akanisogezea daftari. Nikalipitia jibu alilolitia alama ya kosa kwa wino mwekundu. Lilikuwa sahihi.

"Dad, tell him," binti yangu akaninong'oneza, nimwambie mwalimu.

Nilifungua mdomo. "Samahani sana, mwalimu. Nitaongea naye."

Tukatembea hadi kituoni. Ndani ya treni alilifungua daftari mapajani, akatoa kifutio, akaanza kulifuta jibu lake.