Barua ya Baba Mdogo Niliipiga Taipu Mwenyewe

Jumanne, tarehe 9 Machi 1954. Asubuhi manyunyu, barabara ya Ruangwa matope matupu.

Bwana Mhariri, tafadhali nifichie jina. Nina miaka ishirini na mitatu, nimesoma sekondari, na ninapiga taipu katika ofisi moja ya barabara hapa Nachingwea. Haya nimeyanakili kutoka daftari ninaloandika kila siku, nisije nikajipendelea.

Baba alifariki nikiwa mdogo, nikalelewa na baba mdogo kule Nanganga. Anajenga makalavati kwa kandarasi za serikali. Hajui kusoma, lakini shule yangu yote ilitoka kwenye mikono yake.

Tarehe 19 Februari karani mkuu alinipa barua nipige. Ilikuwa ya kupelekwa kwa baba mdogo. Ilisema kalavati lake la njia ya Marambo limechukuliwa na maji, na asipojitetea katika siku kumi na nne atafutwa, asipewe tena kazi ya serikali. Baba mdogo hajawahi kujenga Marambo. Lake liko Chiola na limesimama. La Marambo alilijenga shemeji wa karani mkuu. Mkataba ule niliupiga mimi. Nikamwambia karani mkuu.

"Binti, wewe unapiga taipu au unahukumu?" akacheka. "Kama si lake, si atasema? Ndiyo maana amepewa siku. Na ukimnong'oneza, umetoa siri ya ofisi. Kazi huna."

Nikaipiga. Nilijua barua za ofisi baba mdogo hazifungui mpaka niende mwenyewe, nizisome mbele ya mafundi wake, ndipo watu wale karamu. Zote alizowahi kupata zilikuwa za kazi mpya, na fahari yake ni watu wasikie mwanawe akisoma Kiingereza. Ningeweza kwenda Jumapili ya kwanza. Niliogopa atanisoma usoni.

Nilikwenda juzi Jumapili. Mbuzi alikuwa ameshachinjwa. Baba mdogo akanipa bahasha, haijafunguliwa.

"Soma kwa sauti, mwanangu. Safari hii wanatupeleka wapi?"

Nikaisoma yote, kisha nikaieleza kwa Kiswahili. Mafundi wakaacha kutafuna.

"Zimebaki siku ngapi?" akauliza.

"Zimekwisha, baba. Juzi Ijumaa."

Fundi wake wa siku nyingi akajifuta mafuta midomoni. "Basi, mzee, kumbe tunakula hitima yako." Wakacheka, mmoja mpaka akapaliwa.

Yeye hakucheka. Aliniambia polepole, "Wewe huna kosa. Ungejua mapema, ungekuja mbio."

Nikajibu, "Ndiyo, baba."

Jana nililipiga jina lake kwenye orodha ya waliofutwa, itakayobandikwa kila ofisi ya jimbo. Karani mkuu alisimama nyuma yangu. "Umeona? Hakujibu. Maana yake amekubali."

Leo jioni baba mdogo amekuja na lori la mbao nimwandikie ombi kwa Bwana Shauri, afisa wa wilaya. "Andika kalavati si langu, na kwamba hakuna aliyeniuliza kwa mdomo." Nimeandika hivyo. Amebonyeza dole gumba, akanishukuru kama mtu mgeni. Sikuandika kwamba mkataba wa Marambo upo kwenye kabati la ofisi, wala kwamba mpiga taipu aliijua barua ile kabla yake. Bila hayo, ni neno la mzee asiyesoma dhidi ya karatasi.

Bwana Shauri hujibu baada ya mwezi, kwa hiyo bado naweza kwenda kusema. Nikisema, nitafukuzwa, na mshahara wangu ndio utakaomlisha sasa. Tena atajua nilimwacha akae juu ya mkeka akisubiri habari njema, nami nikijua kuwa ni mbaya. Nisiposema, atazikwa kama mtu aliyebomokewa na kazi ya mwingine.

Ninyi msionijua, ambao hamtanionea haya, nipeni shauri: niende kwa Bwana Shauri, au nianze kwa baba mdogo mwenyewe, aliyelala chumba cha pili akiniamini?

Ninalala sasa, saa nane na robo usiku.