Waya wa Kushoto

Mwanangu, nimetembea sana katika maisha yangu, na safari nyingi zimekwisha kuchanganyika kichwani. Lakini safari ile ya kutoka Iringa kwenda Mbeya, nikiwa na nyaya mbili mpya za breki nimezivaa shingoni kama shada, naikumbuka kama ya juzi.

Kwetu ni Kilosa. Nilipomaliza darasa la kumi nilipewa kazi ya ukarani, nikakaa nayo miezi mitatu tu, maana miguu yangu haikuumbwa kukunjwa chini ya meza. Nikapanda treni mpaka Dodoma, na Dodoma nikapanda basi la Iringa. Tulivuka mto pale Mtera tukiwa wekundu kwa vumbi mpaka kwenye kope. Iringa nikajifunza kuamkia watu "Kamwene", na nikajifunza kazi ya magari kwa fundi mmoja wa Kihehe, mtu mkali lakini wa haki. Mwaka wa pili akaniita.

"Yuko mzee Iyunga, upande wa Mbeya," akasema. "Breki ya mkono ya pikapu yake imekufa. Nyaya zake hizi hapa. Nenda ukazifunge nyumbani kwake. Mzee huyo akisema kazi ni nzuri, Mbeya watakupokea kama fundi. Akikunyamazia, rudi uendelee kunioshea vyuma."

Nikapanda lori. Tulilala Sao Hill kwenye baridi inayouma masikio, kesho yake tukapita Makambako, tukala samaki wa kukaanga Igawa. Kila lori liliposimama mlimani, utingo aliruka na gogo lake akalitia nyuma ya tairi. Mimi nilicheka nikisema dawa ya gogo lile ninayo shingoni. Nilijiona mtu mkubwa, mwanangu. Niliona kama Mbeya nzima imekaa ikiningojea mimi nifike.

Mwenye gari alikuwa Mzee Ambokile, Mnyakyusa, mkulima wa kahawa, aliyewahi kuendesha malori ya jeshi wakati wa vita. Nyumba yake ilikuwa mlimani, juu kidogo ya Iyunga. Betri ya pikapu ilikuwa dhaifu, kwa hiyo ilimlazimu kuiegesha kwenye mteremko ili asubuhi iwake kwa kuachiwa iteremke. Na chini ya mteremko huo, hatua kama thelathini, lilikuwapo jiko la mke wa mwanawe, jina lake Tupokigwe. Mume wake alikuwa amekwenda kufanya kazi migodini kusini. Wiki mbili kabla sijafika, jiwe lililozuia tairi liliteleza kwa mvua, gari likashuka lenyewe, likalaza migomba sita na kusimama mkono mmoja kutoka kwenye ukuta wa jiko lile, Tupokigwe akiwa ndani anapika. Ndiyo maana nyaya zikaagizwa.

Jambo moja lazima nikueleze. Kwa Wanyakyusa wa wakati ule, mke wa mtoto hakumkaribia baba mkwe wake. Hakumtazama usoni, hakusema naye, na akimwona njiani alijifunika nguo kichwani na kupita kando. Baadhi ya watu wa kanisani walikuwa wameanza kulegeza, lakini Mzee Ambokile na mkwe wake waliishika heshima hiyo, wote wawili, wala sikuona kama iliwaumiza. Mimi, kijana wa darasa la kumi, nilicheka moyoni.

Tulianza Jumamosi asubuhi. Tulilisukuma gari mpaka kwenye uwanja ulio sawa, tukayawekea matairi ya mbele mawe makubwa, tukainua nyuma kwa jeki na kulikalisha gari juu ya magogo. Nyaya za breki ya mkono zilikuwa mbili, mmoja kwa kila tairi la nyuma. Zinatoka kwenye mkono wa breki kando ya dereva, zinapita chini ya gari zikiwa ndani ya ala zake za chuma, kisha kila mmoja unaingia kwenye drami yake, lile sufuria la chuma nyuma ya tairi, kuvuta breki. Nilifungua drami zote mbili, nikatoa nyaya za zamani. Zilikuwa zimechanua nyuzi kama ufagio. Nikapaka mpya grisi, nikaziingiza. Wa kulia ulikaa vizuri. Wa kushoto, kichwa cha ala yake kilikataa kuingia kwenye tundu lake kwa sababu ya kutu. Nikakigonga kwa nyundo mara tatu, kikaonekana kama kimekaa, nikarudisha drami. Nilijua hakikukaa sawasawa. Lakini Mzee Ambokile alikuwa amesimama pale akinitazama, nami nilitaka aone fundi asiyebabaika.

Ikabaki kukaza. Kazi hiyo inataka watu watatu: mmoja kabini avute mkono wa breki jino kwa jino, mmoja chini ya gari akaze nati ya katikati, na mmoja azungushe matairi kwa mkono aone yanashika lini. Nati ile mzee hakutaka mtu mwingine aiguse. Matairi yalikuwa yangu. Wa kabini hakuwapo, maana majirani wote walikuwa mashambani kuchuma buni.

Mke wa mzee ndiye aliyepata njia. Alitungika blanketi kwenye mlango wa kabini, akamwambia mumewe atangulie chini ya gari, kisha akamwita mkwe wake. Tupokigwe akaja upande wa pili kajifunika kanga, akapanda, akakaa. Hakumwona mtu na hakuonwa. Kila neno lao lilikuwa lipitie kwangu.

"Mwambie avute jino la kwanza," mzee akasema kutoka chini.

"Jino la kwanza," nikasema kuelekea kwenye blanketi.

"Mwambie baba nimevuta. Na umwambie ajisogeze kidogo, hapo alipolala huwa pana siafu."

"Amevuta, mzee. Anasema jisogeze, hapo pana siafu."

"Mwambie wamekwisha kunisalimia. Tairi je?"

"Linazunguka."

"Mwambie la pili."

Tukaendelea hivyo. Kati ya mdomo wa mmoja na sikio la mwingine hapakuwa na hata hatua mbili, na bado mimi nilisimama katikati nikirudia kila kitu kama mfasiri wa mahakamani. Nilipochelewa, mzee akasema, "Fundi, umechoka kwenye jino la tatu? Niliambiwa umesoma mpaka la kumi." Nilisikia Tupokigwe anacheka ndani ya kanga.

Kicheko kile kilinichoma. Ndipo ikaja zamu ya jino la nne. Matairi yote mawili yakagoma kuzunguka. Nikasubiri aseme amevuta, tumalize. Yeye akasema:

"Mwambie baba mmoja unakuja vizuri, lakini mwingine unakuja na mruko. Unavuta, unalegea kidogo, ndipo unashika. Mashine ya kumenyea buni ikifanya hivyo, kesho yake huvunjika."

Mashine ile aliizungusha kwa mkono kila msimu, kutwa nzima. Mkono wake uliujua mruko wa chuma kuliko wangu. Nami, mwanangu, nilikuwa nimesimama karibu na tairi la kushoto, na moyo wangu ukaniambia mara moja ni ala ipi. Nikifikisha neno lile, drami itafunguliwa mbele ya mzee na atakiona kichwa cha ala nilichokigonga nyundo nikanyamaza.

Nikasema, "Anasema imeshika, mzee."

Chini ya gari spana ikaacha kulia.

"Amesema hayo tu?"

"Hayo tu, mzee."

Mzee akasema taratibu, "Mwambie ashuke, aende kwake."

Nikamwambia. Tupokigwe akashuka upande ule ule aliopandia na kwenda zake bila kunitupia jicho. Mzee akatoka chini ya gari, akajipangusa majani, akaketi juu ya gogo lililobaki. Nilitegemea ukali. Hakukuwa na ukali, na hilo ndilo lililonimaliza.

"Mimi si kiziwi, kijana," akasema. "Mruko ule niliusikia kabla yeye hajasema. Na aliyoyasema niliyasikia. Nilikuwa nangoja uniletee."

"Kama ulisikia, mzee, mbona hukusema?"

"Nimwambie nani? Yule sisemi naye, na wewe ndiye niliyekupa mdomo wangu na masikio yangu. Ningekuruka pale pale ningekuwa nimekuvunjia wewe heshima, na yeye pia. Nikasema nikupe nafasi, labda utakohoa ulitoe neno lake." Akalitazama jiko kule chini, moshi ukitoka juu ya manyasi. "Anayekaa mbele ya gari hili ni yeye. Si mimi, si wewe. Ametuambia waya utaachia. Wewe umechukua neno la mtu anayeogopa kupondwa, ukalitia mfukoni ili uonekane fundi."

Nikalala chini, nikafungua drami ya kushoto. Kichwa cha ala kilikuwa kimekaa kwenye ukingo wa tundu, nusu ndani nusu nje. Kingeshika siku tatu, pengine wiki, kisha siku ya mzigo kingeruka.

Nikakitoa chote. Nikalikwangua tundu kutu yake yote mpaka chuma kikang'aa, nikakipaka grisi, kikaingia chenyewe kwa kidole, bila nyundo. Nikakifunga pini yake. Kisha nikafungua na wa kulia, ambao haukuwa na kosa, nikaukagua vilevile. Nilipomaliza nilikwenda mwenyewe mpaka mlangoni pa jiko.

"Dada Tupokigwe, neno lako sikulifikisha lote," nikasema. "Naomba uje uvute tena."

Alikuwa anamenya ndizi. Hakuacha. "Kwa nini hukulifikisha?"

"Lilikuwa linanishtaki."

Akaiweka ndizi chini. "Haya. Lakini safari hii ulibebe lote, hata likiwa zito."

Akarudi kabini, mzee akarudi chini. Jino la kwanza, la pili, la tatu. La nne akasema, "Mwambie baba sasa zinakuja pamoja, kama ng'ombe wawili wa jembe waliozoeana." Nikalisema neno kwa neno, pamoja na ng'ombe. Nikasikia mzee anaguna kwa kuridhika. Kisha, kwa kuwa nyaya mpya hunyumbuka zikianza kazi, mzee akamtaka avute na kuachia kwa nguvu mara thelathini, ndipo akaikaza nati kwa mara ya mwisho.

Alasiri majirani walirudi kutoka mashambani. Tukapakia magunia ya buni mpaka springi zikalala, gari likapandishwa mahali pake pa siku zote. Mzee akavuta jino la nne, akashuka, hakuweka jiwe. Mimi nikateremka mpaka kwenye jiko, nikaingia, nikaketi kwenye kigoda cha Tupokigwe kando ya moto, mgongo wangu ukiwa upande wa gari. Hakuna aliyeniambia nifanye hivyo. Nje nikawasikia wanaume wanane wakilisukuma lile gari na kulitikisa kwa nyuma, wakihesabu kwa Kinyakyusa.

Tupokigwe alisimama nje na mama mkwe wake. "Basi jipakulie ule, fundi," akaniambia kutoka mbali. "Tusije tukakupoteza wewe na ndizi pia."

Nilikula. Gari halikusogea hata unene wa kucha. Jioni ile Mzee Ambokile aliwaambia majirani zake, nikiwa nasikia, "Kazi hii ni nzuri." Maneno manne tu. Nimesifiwa na watu wengi tangu siku ile, mwanangu, na sijasikia sifa iliyonijaza kifua kama hiyo. Mpaka leo najivuna kwa nyaya zile, na sioni haya kusema.

Nilikaa Mbeya karibu miaka miwili, nikitengeneza magari Iyunga na upande wa Mwanjelwa. Pikapu ya mzee iliegeshwa pale juu kila siku, na chini yake moto wa jiko haukuzimwa kwa hofu. Kisha miguu yangu ikaanza kuwasha tena. Nikasikia habari za barabara za Rhodesia ya Kaskazini, nikajua sitakaa.

Siku niliyoondoka moja kwa moja, familia nzima ilitoka uani kuniaga. Mzee alisimama upande wa gari, Tupokigwe upande wa nyumba, amegeuzia uso wake ukutani kama ilivyopasa. Nilikwisha kumshika mzee mkono aliponizuia.

"Kuna neno nimekaa nalo muda mrefu," akasema, kwa sauti ya kutosha uwanja mzima. "Na nimeona sina mwingine wa kumtuma. Mwambie mkwe wangu siku ile mkono wake ulikuwa ndio fundi. Mwambie nalala vizuri kwa sababu yake."

Nikatembea zile hatua kumi, nikalifikisha lote, sikupunguza wala sikuongeza. Tupokigwe akasema ukutani, polepole, "Mwambie baba nimemsikia."

Nikarudi na kusema, "Anasema amekusikia." Mzee akaitikia kwa kichwa, akageuka kana kwamba anakagua tairi. Nikachukua mzigo wangu nikashuka barabarani, wala sikuwaona tena.

Basi, mwanangu, nasaha yangu ni hii. Kuna siku utawekwa katikati ya watu wawili wasioweza kusemezana: mkubwa na mdogo, bosi na kibarua, au ndugu waliokosana. Siku hiyo lifikishe neno kama ulivyopewa, hata likikushtaki wewe mwenyewe, na hasa likitoka kwa yule ambaye gari likishuka litamkuta yeye kwanza. Usimpime msemaji kwa darasa alilofika. Na kazi yako ikiwa na kosa unalolijua, lifungue mwenyewe kabla mwingine hajaumia. Hakuna atakayekudharau kwa drami uliyoifungua mara mbili.

Mungu aibariki mikono yako, mwanangu, ijue kazi na isiifiche. Aujaalie ulimi wako uaminiwe na watu wanaoogopana na wanaopendana. Na popote utakapolala, milimani au bondeni, akupe usingizi usio na hofu.