Msiba wa Mzee wa Saa Tatu

Juzi, ndani ya treni ya asubuhi ya kwenda Liverpool, hii ya hapa Sydney, kijana aliyekaa nyuma yangu alifungua video kwenye simu yake, na behewa zima likasikia ule muziki wa kuanzia taarifa ya habari ya Ayalandi. Ulilia sekunde chache tu, abiria mmoja akamkodolea macho, kijana akauzima. Lakini mimi nilikuwa nimeshasikia harufu ya uji wa ulezi, ya dawa ya kuchua magoti, na ya zulia kuukuu linalopata joto la hita. Nilikuwa nimerudi sebuleni kwa Bibi Nora, kule Doonside mtaani kwetu, nina miaka kumi na miwili, nimevaa soksi mbili mbili, na nje bado giza.

Nisikufiche, msomaji wangu. Mimi ndiye niliyemuua mtangazaji wa televisheni ya Ayalandi. Nilimuua akiwa mzima wa afya, na kwa ajili yake nyumba moja ya mtaa wetu ikawekewa msiba. Kwa miaka mingi nimeisimulia habari hii watu wakashika mbavu, na anayechekwa ni mimi.

Bibi Nora alikuwa jirani yetu, tumetenganishwa na uzio wa mbao tu. Alihamia Sydney kutoka Ayalandi akiwa msichana, akaolewa hapa, akamzika mumewe hapa, na hakujaliwa mtoto. Mama yangu, Rehema, mzaliwa wa Tanga, alikuwa akihudumia wazee majumbani, na kampuni yake ikampangia Bibi Nora, kwa hiyo safari yake ya kazini ikawa kufunga geti letu na kufungua la pili. Watoto wengine wa mtaani walimwita Nora, hivyo hivyo, jina tupu. Mimi nilijaribu mara moja. Mama alinitazama tu, na tangu hapo jina lake likawa Bibi Nora.

Mwaka ule wa corona shule zilipofungwa, kazi ya kumpelekea uji wa asubuhi ikawa yangu. Saa kumi na mbili kamili nilitakiwa niwe nimefika na chupa ya uji, kwa sababu saa hiyo kwao Ayalandi ilikuwa saa tatu ya usiku, usiku wa jana, na habari zilikuwa zinaanza. Jambo hilo lilinishangaza kila siku. Watu wale walikuwa bado hawajaimaliza jana ambayo sisi tulishaifua na kuianika.

Aliyesoma habari hizo tulimbandika jina la Mzee wa Saa Tatu. Alikuwa na mvi zilizochanwa vizuri na sauti isiyopanda wala kushuka. Kila jioni yao alisoma idadi ya waliokufa, kisha alinyamaza kidogo kabla ya kwenda kwenye habari nyingine, kama mtu anayempisha jeneza njiani. Hakuna aliyenifundisha heshima kwa wafu kuliko yule mzee ambaye hata hakujua kwamba nipo.

Na televisheni yenyewe ilikuwa ikibadilika mbele ya macho yetu. Bibi Nora aliyapokea mabadiliko hayo kama mama mkwe anavyompokea mkamwana asiyejua kupika. Watangazaji wawili waliozoea kukaa bega kwa bega walitenganishwa, kila mmoja mwisho wake wa meza. "Wamegombana," alisema Bibi Nora. Wageni waliacha kuja studio, wakawa wanaonekana kutoka majikoni kwao, kamera imeelekea matundu ya pua. Kipindi cha mazungumzo cha siku ya Ijumaa kilibaki bila watazamaji, na mchekeshaji akimaliza mzaha wake tulisikia kiti kikilia. Misa ya Jumapili padri aliisomea mabenchi.

Mimi nilipenda karibu yote. Nilipenda zaidi pale walimu walipoingia kwenye televisheni kufundisha watoto wa nchi nzima, wakiwa na ubao na chaki na utani mwingi, wakati shule yangu mwenyewe ilikuwa tableti inayoganda kila mwalimu akifungua mdomo. Nilijifunza kuhesabu hadi kumi kwa Kiayalandi. Bibi Nora alinisahihisha matamshi hadi nikapata, kisha akageuka dirishani, na sikujua ameona nini huko.

Kilichokuwa kinatutisha ni mzani. Mwezi wa nne wa mwaka ule Bibi Nora alifiwa na kaka yake, Dermot, ndugu wa mwisho aliyebaki Ayalandi. Mipaka ilikuwa imefungwa, hakuweza kwenda. Aliangalia mazishi kwenye tableti, peke yake, na sisi alitupa habari wiki moja baadaye, kwa sauti ileile ya kutuambia taka zimechukuliwa. Mama alimshika mkono. "Pole sana, Nora." Bibi Nora akauchomoa. "Alikuwa mzee, Rehema. Hebu tuangalie habari."

Kuanzia hapo akawa hali chakula. Uji niliurudisha nusu, kisha robo tatu, kisha chupa nzima. Kila baada ya wiki mbili mama msimamizi kutoka kampuni alikuja na mzani, na kila mara aliandika namba ndogo kuliko iliyopita. Akamwambia mama waziwazi kwamba kilo zikizidi kushuka, Bibi Nora atahamishiwa makao ya wazee. Na siku zile makao ya wazee yalikuwa yamefungwa, haingii mgeni. Mama alirudi nyumbani na kukaa jikoni bila kuvua barakoa.

"Wakimpeleka kule hatuwaoni tena, yeye na chupa yetu," alisema. "Mfiwa haachwi peke yake. Na huyu hataki hata tujue kwamba amefiwa."

Basi ikafika Jumamosi moja ya baridi, mama yupo off. Nilichelewa kuamka. Nilipoingia kwa Bibi Nora na chupa yangu habari zilikuwa zinaisha, na nilichokiona kilinisimamisha mlangoni. Kwenye skrini zilikuwa zinapita picha za Mzee wa Saa Tatu: kijana, nywele nyeusi, kola pana, amesimama mbele ya ramani ya zamani, kisha na ndevu, kisha na mvi zinaanza. Muziki wa taratibu. Kisha wakaonyeshwa wafanyakazi wenzake, wamesimama mbalimbali na barakoa zao, mwanamke mmoja anafuta macho, wote wanapiga makofi. Na kwenye kiti chake Bibi Nora analia. Machozi yalimtiririka hadi shingoni, wala hakuyafuta.

Sasa wewe niambie. Mtoto wa Kitanzania akiona picha za mtu tangu ujana wake, na muziki wa huzuni, na watu wanalia, atadhani nini? Kwetu mtu hafanyiwi hayo akiwa anapumua. Niliweka chupa sakafuni nikakimbia.

Mama alikuwa akichambua mchele. "Mum, Mzee wa Saa Tatu is dead," nilisema, maana watoto wa huku tukisemeshwa Kiswahili tunajibu Kiingereza.

"Nani kasema?"

"I saw it. They showed all his photos."

"Na Nora?"

"Analia, Mama. Analia kabisa." Kiswahili kilinitoka chenyewe.

Mama aliniangalia kwa muda mrefu. Kisha akafungua friza akatoa nyama yote iliyokuwemo, na kwa mkono mwingine akawarekodia ujumbe wanawake wa kikundi chao: "Jamani, kuna msiba kwa jirani yangu. Lockdown ni lockdown, lakini mfiwa ni mfiwa. Walio ndani ya kilomita tano za kuruhusiwa waje kwa mguu, wawili wawili, kama exercise, maana mazoezi hayajakatazwa. Walio mbali tutaonana kwenye video."

Walikuja. Wa kwanza alikuwa Mama Espérance, Mrundi aliyekulia kambini Kigoma, ametembea kutoka Rooty Hill, mtaa wa jirani, pamoja na wifi yake, vitenge juu, raba za kukimbilia chini, na hotipoti ya maharage imefungwa kwa khanga. Walisimama nje ya uzio wa mbele kama sheria ilivyotaka. Gari la polisi likapita polepole. Mama Espérance aliweka hotipoti kwenye majani akaanza kunyoosha mikono, kushoto, kulia. "Exercise, officer!" alisema, na wifi yake akaanza kurukaruka. Gari likaenda zake.

Ndani tuliingia mama na mimi peke yetu. Mama alivua viatu, akatandika mkeka juu ya zulia mbele ya televisheni, akajitanda khanga, akakaa chini. Mimi nilikaa pembeni yake na kulia. Nililia kwelikweli, kwa sababu nilimpenda yule mzee na nilikuwa nimechelewa kumuaga.

Bibi Nora alitutazama kutoka kitini. "Mtoto analia nini?"

"Anamlilia mzee wenu wa habari," mama alisema. "Tumesikia amefariki. Pole sana, Nora."

"Amefariki? Rehema, hajafa! Amestaafu. Amekwenda kupalilia bustani yake!"

Nilitamani ardhi ipasuke inimeze. Nje wanawake wawili wapya walikuwa wamefika na sufuria, kwenye simu ya mama Bi Mwanaidi wa Liverpool alikuwa ameshaanza dua, na maiti hakuna. Nilisubiri mama ainuke, aombe radhi, akunje mkeka. Hakuinuka.

"Basi ndiyo hivyo," alisema kwa utulivu. "Lakini chakula kimeshapikwa. Kwetu, sufuria ya msiba ikishatoka jikoni hairudishwi. Ni mkosi. Ni lazima apatikane wa kuliliwa. Huna mwingine, Nora?"

Bibi Nora alitazama dirishani, kwa wale wanawake wenye barakoa na raba. Akachukua rimoti, akazima televisheni. Sikuwahi kuiona ile skrini ikiwa nyeusi.

"Kuna Dermot," alisema.

Akaanza, na hakunyamaza hadi jua likageukia upande wa pili wa nyumba. Alituambia siku aliyoondoka kwao Dermot ndiye aliyempakia kwenye baiskeli hadi stesheni, na treni ilipong'oka alimgeuzia mgongo asimuone uso wake. "Na kwenye mazishi kamera iliwekwa nyuma ya kanisa," alisema. "Watu sita wameruhusiwa. Niliona migongo sita. Maisha yangu yote Dermot ni mgongo." Alisema kijijini kwao mtu akifa analazwa sebuleni, na majirani wanakuja na mikate, na chai haikatiki, na watu wanakesha. "Nyumba ingejaa, Rehema."

"Imejaa," mama alisema, na kumwonyesha dirisha.

Hapo akalia kilio chenye sauti. Mama alipanda kwenye mkono wa kiti akamkumbatia, na safari hii mkono haukuchomolewa. Mama Espérance aliona kupitia kioo, naye akapaza sauti kutoka kwenye uzio: "Courage, maman! Jikaze, Mungu iko!"

Kisha mama akapakua pilau. "Kula japo kidogo. Mfiwa asipokula, na wageni hawali. Waangalie walivyosimama na baridi." Bibi Nora alikula vijiko vitatu kwa ajili ya wageni. Halafu akaomba maharage. "Yana pilipili," alilalamika, akaongeza.

Kwa siku tatu wanawake walipita wawili wawili na mazoezi yao. Mzani ulipokuja, namba ilikuwa imepanda nusu kilo, na wiki mbili baadaye kilo nzima. Makao ya wazee hayakutajwa tena. Wiki iliyofuata ule msiba mwanamke kijana alikaa kwenye kiti cha Mzee wa Saa Tatu, na Bibi Nora, kijiko mkononi, akatoa hukumu: "Anakwenda mbio mno." Baada ya mwezi akasema, "Hajambo." Mimi wanawake waliniita Muuaji, na jina hilo nimelivaa hadi leo.

Kwa hiyo juzi niliposhuka kwenye treni nilimpigia mama. "Mama, nimesikia muziki wa yule mzee niliyemuua."

Nilitegemea acheke. "Hukumuua," alisema. "Nilijua anastaafu. Wiki nzima Nora alikuwa akilalamika nikimsaidia kuoga. Hata siku nilikuwa naijua."

Nilisimama katikati ya stesheni, watu wananipita. "Sasa kwa nini uliweka msiba?"

"Kwa sababu ulisema analia. Tangu Dermot afe nilikuwa nasubiri alie."

"Na hukuniambia? Miaka yote hii nachekwa!"

"Ningekuambia, ungekuja kulia pale mkekani? Nora asingenisikiliza mimi. Alikusikiliza wewe."

Mwaka ule nilikuwa nimemhusudu mtu mmoja ng'ambo ya dunia kwa jinsi alivyojua kunyamaza mahali panapostahili. Na kumbe aliyelijua hilo kuliko yeye alikuwa akinipikia uji, amekaa kimya na siri yake miaka yote hii ili Bibi Nora, hadi siku ya mwisho wake palepale nyumbani kwake, asijue kwamba alipangiwa. Nilimpenda mama yangu pale stesheni kupita kawaida. Nikasogea pembeni, nikauliza jambo dogo tu.

"Na ile mila, Mama? Ya sufuria kutorudishwa jikoni. Ni ya wapi, Tanga au kwa kina Bibi huko Pangani?"

Sasa ndipo alipocheka.

"Ilianzia Doonside, mwanangu."