Kaka Aliyetakiwa Kunioa

Nakumbuka jioni moja, mwanangu, katika miaka ya tisini, baba aliponiita nyumbani kwetu Karatu akaniambia nitaolewa na Njiku.

Njiku alikuwa mtoto wa kibarua aliyetoka Singida kufanya kazi kwenye shamba la kahawa la jirani. Wazazi wake walipofariki, mama alimchukua. Wote wawili tulikuwa bado tunatambaa. Tuliogeshwa kwenye beseni moja, tukalala chini ya blanketi moja.

"Si damu yako," baba alisema. "Nani atawazuia?"

Ni kweli, hakuna ambaye angetuzuia. Hata padri asingekuwa na neno. Lakini mwili wangu wote ulilikataa jambo lile. Nilimpenda Njiku kuliko kijana yeyote, ila kumwaza kama mume sikuweza kabisa.

"Baba, nisamehe. Huyu ni kaka yangu."

Baba akawaka. "Unamdharau kwa sababu ni mtoto wa kibarua!"

Njiku alikuwa amesimama mlangoni, akaingia. "Mzee, hata mimi siwezi. Huyu nimemfuta kamasi. Ukinilazimisha nitarudi Singida, na huko simjui mtu."

Baba akashika kichwa, sauti ikamshuka. "Sasa nifanyeje ili usiondoke? Wenzako wote wanakimbilia Arusha. Nilidhani ukimwoa utabaki."

Shangazi, dada yake mkubwa, alikuwa pembeni akipukuchua mahindi. Akamgeukia. "Unahangaika kumwingiza nyumbani mtu aliyeko ndani siku zote. Mtambulishe kwa ukoo kuwa ni mwanao, umpe sehemu ya shamba. Hawa wameshajuana kuwa ni ndugu, wewe ndiye uliyechelewa."

Baba alifanya hivyo. Ukoo ulinung'unika, kisha ukazoea. Nilipoolewa Wasso, ng'ambo ya Ngorongoro, Njiku alinisindikiza kwa basi hadi huko, vumbi tupu njia nzima, akamwambia mume wangu, "Huyu ni dada yangu. Ukimtesa, nitakuja." Watoto wangu wanamwita mjomba, naye hadi leo analima pale pale.

Kwa hiyo, mwanangu, undugu hauletwi na damu peke yake. Kulelewa pamoja nako kunauleta, na mwili wenyewe unautambua. Ukiona nafsi yako inakataa jambo ambalo watu wote wanasema halina ubaya, usijione mgonjwa. Sema mapema, na useme kwa heshima. Nawe ukiwa mzazi, ukaogopa kuachwa na mtoto, mwambie kuwa unaogopa. Usimtafutie ndoa ya kumfunga.

Mungu akujalie nyumba ambayo watoto wataondoka bila hofu, na kurudi bila kuitwa.