Kidole Juu ya Malkia

Mwalimu wa hesabu ndiye aliyenifundisha chesi, na ndiye aliyenipora. Jina lake sitaliandika. Wakaaji wa Rodi Kopany wanamjua, na yeye mwenyewe akisoma hapa atajijua kabla hajamaliza mstari.

Tulikutana wodini, katika hospitali ya misheni. Mimi nilikuwa nimefukuliwa kutoka shimo la dhahabu huko Migori, mguu umepondwa. Tulishuka watu watano, tukatoka wawili. Mwenye shimo alijua mbao zinazozuia udongo zimeoza. Tulimwambia asubuhi ile ile, akasema mwoga arudi kwa mamake. Huyo naye simsamehe, lakini habari yake ni fupi: aliua watu, akahamia shimo lingine. Habari ya mwalimu ni ndefu kwa sababu alianza kwa kunitendea wema.

Alilala kitanda cha pili, pikipiki ilimvunja nyonga. Alikuwa na bodi ya plastiki na kete zake ndani ya soksi. Mimi nilijua drafti ya sokoni tu, ile ya vifuniko vya soda. Kwetu sokoni mtu anasukuma kete, anaacha kidole juu yake, anaangalia. Kidole kikiwa bado juu, hujacheza. Watazamaji watakucheka, lakini unarudisha. Basi nikaingia kwenye chesi na kidole hicho hicho. Mwalimu aliniona miezi minne nikimshika malkia, nikimpeleka, nikimrudisha. Hakusema neno. Hata yeye alirudisha, tena zaidi yangu.

Mwezi wa tatu nikaanza kumfunga. Akawaita manesi: "Njooni muone! Mtu wa darasa la tano ananinyoa bila maji!"

Hapo ndipo akaanza kunisimulia wachezaji wa kimataifa. Kwamba wanapanda ndege na kulala hoteli kwa sababu ya kete hizi. Kwamba wanapewa cheo kinachokaa mbele ya jina kama cha daktari, na cheo hicho hakifutiki hata ukizeeka. Kwamba wengi walianza wakiwa na miaka mitano, na mwalimu wao nyumbani.

Nikamuuliza, "Na aliyeanza na miaka thelathini na nane, mguu ukining'inia kwa kamba?"

"Chesi haiulizi mguu, omera, ndugu yangu."

Nilikula maneno hayo miaka sita. Shimoni singerudi, kwa hiyo nilijifunza kushona viatu, nikakaa kibarazani mwa duka la mbolea, na kila jioni mwalimu alikuja tukacheza. Niliitaka ile safari. Sikutaka kitu kingine. Nilitaka mtu wa uwanja wa ndege aulize unakwenda kufanya nini, nimwambie.

Halafu yakaja mashindano ya Homa Bay. Mshindi angeingia timu ya kwenda ng'ambo. Mwalimu alikuwa amesomea urefa, kwa hiyo refa alikuwa yeye. Raundi nne za kwanza nilicheza na watu wa soko kama mimi. Tulishikashika kete, hakuna aliyelalamika. Fainali wakaniweka na karani mmoja wa ofisi, kaka wa mke wa mwalimu. Shemeji yake, basi.

Nilikuwa nimemzidi farasi mmoja. Shati lake lilikuwa limelowa mgongoni. Nikamshika malkia, nikamsogeza, kidole juu, nikaangalia. Nikaona akitoka pale mfalme wangu anabaki uchi, popote atakapokwenda. Nikamrudisha. Shemeji akainua mkono.

"Refa, ameshika malkia."

Mwalimu akaja, hakunitazama usoni. "Ukishika unacheza. Mpeleke."

"Japuonj, mwalimu wangu, kidole kilikuwa bado juu."

"Kidole ni cha drafti. Hii ni chesi."

"Si wewe ulinifundisha hivi?"

"Hapa si wodini."

Nyuma mtu akasema, "Jamaa karudi shimoni!" Ukumbi mzima ukacheka. Nilimpeleka malkia. Baada ya hatua tatu mfalme wangu alikuwa amekufa.

Sheria ni ya kweli, nimeshaihakikisha. Simlaumu kwa sheria. Namlaumu kwa sababu aliijua miaka yote sita na akainyamazia, akaitoa siku ambayo shemeji yake alikuwa anafungwa.

Wiki mbili kabla ya safari wakaja wote wawili kibarazani. Shemeji alitaka mtu wa kufanya naye mazoezi.

"Fundi, nchi inakuhitaji," mwalimu akasema.

"Iko wapi hiyo nchi? Mimi naona wewe na shemejio."

Lakini nikakubali. Nilikubali kwa ubaya. Nilimfunga kila jioni, na sikumweleza hata mara moja alikosea wapi. Akiniuliza, nilichukua kiatu nikaendelea kushona. Alikuwa na daftari, akaandika kila mchezo. Nikajisemea, andika, andika vile unavyokufa.

Alirudi na cheo.

Binti yangu alinionyesha michezo yake kwenye simu. Ule aliomfungia mtu wa Ulaya, ambao redio waliurudia wiki nzima, ulikuwa wangu. Pale alipomtoa farasi sadaka ndipo nilipomuulia mimi, Alhamisi moja, mvua ikinyesha, mbele ya wanawake waliokuwa wakingoja mbolea. Nilidhani namvunja. Kumbe mtu anayefungwa huku anaandika anasoma. Redioni alimshukuru Mungu, kisha mwalimu. Kuna kitambaa chenye picha ya shemeji pale stendi. Kila ninapokwenda kununua gundi napita chini yake.

Watu wa kanisa wananiambia nisamehe. Wasamehe wao, maana hawakukaa kwenye kile kiti.

Mwaka huu mashindano yapo tena, na nimejiandikisha. Nilimwandikia mwenyekiti wa chesi wa kaunti kwamba sitaki refa yule mezani kwangu. Huyo mwenyekiti alikuwepo siku ile, alicheka na wengine. Hajajibu. Nitakwenda hata asipojibu.

Wiki iliyopita mwalimu alikuja, kiatu kimeachama mkononi, bodi kwapani. Shemeji anatafuta kusafiri tena, anataka yale mazoezi yetu.

"Mwaka huu mshindani wake ni mimi," nikamwambia.

Akacheka kidogo. "Na miaka hiyo, fundi?"

"Kiatu kiache. Njoo kesho saa nne."

"Na bodi?"

"Bodi rudi nayo nyumbani."

 Kisha akaweka kiatu chini, akaondoka akichechemea, mguu mmoja kwenye soksi. Ningeweza kumwazima ndara. Zilikuwa pale pale, chini ya kiti changu.