Mbuzi wa Send-off na Fidla za Kutisha

Mama mkwe wa dada yangu alicheleweshewa viza, akaikosa send-off. Alipofika hatimaye kutoka Dar, alikuwa na swali moja: video iko wapi? Dada akababaika kama kaitwa na mwalimu mkuu. Huyo mama alikuwa hajawahi kumchekea hata kwenye simu, na Jumapili alikuwa anakuja kwetu Wheaton, hapa Marekani, kuitazama.

Kuedit video ni kazi yangu kwenye ukoo. Tatizo lilikuwa muziki: ukiweka nyimbo za watu, mtandao unazima sauti. Nikapanda lifti mpaka kwa jirani yetu, Babu wa ghorofa ya tano. Babu ni Mhungaria, na maisha yake yote ametunga muziki wa sinema. Alianza na katuni za watoto kule Budapest, halafu mtu akagundua ana kipaji cha kutisha watu. Tangu hapo, kwao na huku, ni sinema za mauaji tu.

"Nimezika watu wengi kuliko padri," huniambia. Kinachomuuma ni kimoja: jina lake likitokea mwishoni mwa sinema, watu wako bize wanatafuta makoti.

Nikampa picha bila sauti, kama alivyozoea kazini. Hakuuliza, sikueleza. Nani anaeleza send-off? Ni sherehe ya kumuaga binti, kila mtu anajua!

Kila Mtanzania, yaani. Babu yeye aliona binti kainamisha uso, hacheki, shangazi kamkamata mkono anamfuta machozi. (Kwetu bi harusi akichekacheka wataona ana haraka ya kuondoka.) Kisha wakaingia watu wamebeba mbuzi mzima wa kuchoma, kasimama, majani mdomoni. Kisha binti akapewa kisu.

Jumapili sebule ikajaa. Babu alikuja na tai.

"Umeikagua?" dada akaninong'oneza.

"Dada, relax."

Nilikuwa nimeikagua kweli. Ndani ya treni ya Metro, earphone nimezisahau nyumbani.

Besi zikaanza kunguruma. Shangazi akatokea na leso, fidla zikapiga yowe. Dada akanifinya paja mpaka nikaona nyota. Mbuzi akaingia, dum, dum, kamera ikamsogelea usoni. Kisu!

"Yesu wangu, wanamuua nani?" mjomba akaropoka.

"Si kashachomwa huyo!" baba akamjibu.

Mama mkwe akatoa mlio kama birika. Nikajua basi, ndoa imekwisha. Kumbe anacheka! Alicheka mpaka kilemba kikadondoka.

"Shangazi mtu ndiye muuaji, nilimjua tangu kwenye leso!" Akamvuta dada kochini. "Njoo hapa mwanangu, nihadithie ulinusurikaje."

Dada, aliyekuwa amefanya mazoezi ya salamu wiki nzima, akacheka kwa pua kama nguruwe. Mbele ya mkwe!

Majina yakaanza kupita. Tukainuka kukimbilia pilau.

"Kaeni!" mama mkwe akanguruma kuliko zile besi. "Hali mtu hapa. Nani kamlilia mbuzi hivi?"

Jina lilikuwa pale kwenye skrini; sote tukamgeukia mwenyewe. Babu akasimama, akanyoosha tai, akainama kama yuko jukwaani, masikio mekundu. Tukampigia vigelegele mpaka jirani akagonga ukuta.

"Haya, rudisha kwa mbuzi," mama mkwe akaniamuru, mkono wake bado begani kwa dada. "Na ongeza sauti."