Mgeni wa Siku Kumi na Tisa

Kiwandani walimwita Rula. Alikuwa akitupia jicho kola ya shati na kukuambia imepinda upande gani, nawe ukipima unakuta hakukosea. Alishona kola miaka kumi na saba. Kisha asubuhi moja akakuta mlango wa dharura umepigwa kufuli, akazima cherehani na kusema hashoni mpaka ufunguliwe. Kufikia mchana alikuwa nje ya geti, barua ya kufukuzwa mkononi.

Alikwenda mahakamani. Kesi yenyewe ilipangiwa tarehe ya mbali, lakini jaji alitoa amri ya muda: arudishwe kazini, aendelee kushona mpaka kesi iamuliwe. Wiki hiyohiyo mwajiri akaikatia rufaa amri hiyo.

"Basi, dada, ndiyo mambo yameharibika," mdogo wake alisema. "Wale wana mawakili kama utitiri. Kaa nyumbani ungoje."

"Ningoje nini?"

"Si wamekata rufaa?"

"Wamekata. Wakili wa chama cha wafanyakazi amenieleza: rufaa peke yake haisimamishi amri, mpaka mahakama ya juu iseme isimame. Imesema?"

"Bado."

"Basi nipishe mlangoni, nitachelewa kazini."

Wengi huangukia hapo. Wakisikia tu neno rufaa, wanadhani haki yao imeshafungiwa kabatini. Rula hakuwa wa kudhani. Saa moja kasorobo alikuwa getini, mkasi mkobani, nakala ya amri mkononi.

"Mama, nimeambiwa usipite," mlinzi alisema, macho chini.

"Najua, mwanangu. Nenda kawaambie nimefika."

Afisa utumishi alitoka amenuna. "Huyu si mfanyakazi hapa. Mwandike kwenye kitabu cha wageni kama wageni wengine, akae hapo nje!"

Alidhani amemkomesha. Rula akachukua kalamu akajaza jina, saa na sahihi. Kwenye safu ya sababu ya kuja akaandika: *Nimekuja kazini*. Mlinzi akagonga muhuri wa kampuni, maana hakuna mgeni aliyeandikwa pale bila muhuri. Rula akaupiga picha ukurasa kwa simu yake, akaketi kwenye tofali hadi saa kumi. Kesho yake akarudi, na keshokutwa. Wenzake wakipita walimtania: "Mgeni, hujambo? Umeletewa chai?"

"Mwenyeji wangu ana haya," alijibu, nao wakacheka mpaka ndani.

Siku kumi na tisa zilipita hivyo. Siku ya ishirini waliitwa mahakama ya rufaa.

"Waheshimiwa, tunaomba amri isimamishwe," wakili wa mwajiri alisema, mkono kifuani. "Mama huyu hajatia mguu kazini hata siku moja. Hataki kazi, anataka usumbufu tu."

Wakili wa chama, binti mwembamba mwenye sauti nzito, alisimama na kuwapelekea majaji picha kumi na tisa. Jaji wa katikati alifunua moja baada ya nyingine bila haraka.

"Muhuri huu ni wa nani?"

"Ni... ni wa kampuni, mheshimiwa."

"Kwa hiyo mnamwandika kila siku kuwa amekuja kazini, halafu mnatuambia haji?"

Mtu alicheka nyuma, akanyamazishwa.

"Tena niambie. Amri hii imemaliza kesi?"

"Hapana, mheshimiwa."

"Basi rudini mkaimalize kule ilikoanzia. Hamwezi kutukimbilia kila hatua huku mfanyakazi mmemweka nje ya geti. Rufaa hii inaondolewa."

Asubuhi iliyofuata mlinzi alifungua geti lote, kana kwamba gari linaingia. Afisa utumishi alimsubiri ukumbini.

"Usishangilie. Kesi bado ipo."

"Ipo, na tarehe yake naijua kuliko wewe," Rula alisema, akampita.

Kwenye cherehani yake alipandisha kiti walichokuwa wamekishusha waliomshikia nafasi, akatunga uzi, akakanyaga. Kabla ya saa mbili alikuwa amemaliza bunda la kwanza, akainua mkono aletewe jingine.